Baina ya -ME- na -NA-: Demokrasia, Biashara na Lugha ya AGOA

Wahenga walisema ukitaka cha mvunguni sharti uiname. Hawakutuambia, hata hivyo, ni nani aliyekiweka kitu hicho mvunguni, wala anayeinama aangalie nini akiwa huko chini. Katika makala haya mafupi tunakusudia kuangalia huku tumeinama. Tutahakiki matini moja ambayo si riwaya, si tamthilia wala si shairi, bali ni sheria ya nchi ya mbali iliyogusa mifuko ya watu wetu kwa robo karne: Sheria ya Ukuaji na Fursa kwa Afrika, ifahamikayo zaidi kwa kifupi chake, AGOA. Ilitiwa saini na Rais Bill Clinton tarehe 18 Mei 2000, nayo iliziruhusu nchi nyingi za Afrika kusini mwa Sahara kuuza bidhaa zao Marekani bila ushuru, mradi zitimize masharti fulani.

Huenda msomaji akauliza: mwalimu wa Kiswahili na ushuru wapi na wapi? Jibu letu ni kwamba ushuru huanza kwa maneno. Muhula uliopita tuliwapa wanafunzi wetu wa mwaka wa 3, darasa la tafsiri, kifungu cha 104 cha sheria hiyo wakifasiri kwa Kiswahili. Ndicho kifungu chenye masharti. Tulitarajia wangekwama kwenye istilahi za biashara. La hasha! Istilahi hazikuwasumbua sana. Walikwama kwenye vitu vidogo: kiunganishi, viambishi vya njeo, na neno moja la kumtaja yule anayekubaliwa. Tulipoketi kusahihisha tukagundua kwamba mambo hayo madogo ndiyo yaliyobeba siasa yote.

Sheria au mkataba?

Kosa la kwanza halikuwa la wanafunzi peke yao. Zaidi ya nusu ya darasa waliandika "mkataba wa AGOA". Ni kosa tunalolisikia hata redioni. Mkataba una pande mbili. Kila upande una kalamu. AGOA si mkataba. Ni sheria iliyotungwa na Bunge la Marekani, na ndani yake ni Rais wa Marekani anayeamua kila mwaka ni nchi gani iingie, ibaki au itoke. Nchi zetu zilialikwa mezani, ndiyo, lakini mwenye nyumba alibaki na ufunguo.

Tunasisitiza tofauti hii kwa sababu neno "mkataba" hutufariji kwa uongo. Likitumika, msomaji hudhani kwamba tuna mahali pa kulalamika sharti likivunjwa. Hatukuwa napo. Nchi ikitolewa, haikuwa na mahakama ya kuiendea. Ilikuwa na mwaka unaofuata wa kuomba tena.

Kustahiki, kufuzu au kukubalika?

Jambo la pili ni namna ya kumwita aliyekubaliwa. Wanafunzi walitupa majibu matatu: nchi "inayostahiki", nchi "iliyofuzu", na nchi "iliyokubaliwa". Tulijadiliana karibu saa nzima. Anayestahiki ana haki yake, hata asipopewa. Aliyefuzu amefanya mtihani. Kwa hiyo kuna msahihishaji, na kuna alama. Aliyekubaliwa amependwa tu. Huenda kesho asipendwe.

Sheria yenyewe huzungumza kana kwamba ni suala la kustahiki. Utaratibu wake una sura ya mtihani. Utekelezaji wake, kama tutakavyoona, mara nyingi ulikuwa wa kukubalika. Mfasiri aliye makini hawezi kutumia maneno yote matatu kwa mpigo, lakini mhakiki anaweza, na ni wajibu wake, kuonyesha mahali ambapo neno moja limevaa nguo ya jingine.

Orodha na kiunganishi chake

Tuyatazame masharti yenyewe. Kifungu kinadai kwamba nchi iwe imeanzisha, au iwe inapiga hatua za mfululizo kuelekea kuanzisha, mambo kadhaa: uchumi wa soko, utawala wa sheria, wingi wa vyama na mawazo ya kisiasa, kuondolewa kwa vizuizi dhidi ya biashara na uwekezaji wa Marekani, sera za kupunguza umaskini, mfumo wa kupambana na rushwa, na ulinzi wa haki za wafanyakazi. Kisha kinaongeza kwamba nchi isifanye mambo yanayodhoofisha usalama wa taifa la Marekani au maslahi ya sera yake ya nje, na isivunje haki za binadamu kwa kiasi kikubwa.

Hapo ndipo panapotuvutia sisi walimu wa lugha. Kura ya raia na kontena la mfanyabiashara vimeandikwa kwenye orodha moja, vikaunganishwa kwa "na". Katika sarufi tunafundisha kwamba "na" huunganisha vitu vyenye hadhi sawa. Lakini maisha hayasomi sarufi. Wali na mchuzi vina hadhi sawa kwenye sentensi. Kwenye sahani kimoja huisha kwanza. Swali la mhakiki ni hili: demokrasia na biashara zilipogongana, ni ipi iliyobaki sahanini?

Mwanya ulio baina ya -ME- na -NA-

Kabla ya kujibu, tutazame viambishi. "Imeanzisha" ina -ME-: kazi imekwisha, matokeo yanaonekana. "Inapiga hatua" ina -NA-: kazi inaendelea, na hakuna ajuaye itakwisha lini. Sheria ikaweka "au" katikati ya viwili hivyo. Kwa mtu mwema, "au" hiyo ni huruma: hakuna nchi iliyozaliwa ikiwa na demokrasia kamili, na kuidai -ME- siku ya kwanza kungezifungia nje karibu zote. Lakini katika mwanya huo huo ndimo maslahi yalimopita.

Chukua Angola. Ilipokelewa katika AGOA mwishoni mwa 2003. Uchaguzi wake mkuu wa mwisho wakati huo ulikuwa umefanyika 1992 na kuishia vitani. Uliofuata ulikuja 2008. Rais José Eduardo dos Santos alikuwa madarakani tangu 1979 na akakaa hadi 2017. Angola ilikuwa na mafuta, nayo mafuta ndiyo yaliyokuwa sehemu kubwa kuliko zote ya bidhaa zilizoingia Marekani kupitia AGOA katika miaka yake ya mwanzo. Inapiga hatua? Bila shaka ilikuwa inapiga hatua. -NA- haina saa.

Chukua pia Gabon. Omar Bongo alitawala kuanzia 1967 hadi alipofariki 2009, mwanawe akarithi kiti, na miaka yote hiyo ya AGOA Gabon ilikuwa ndani. Ilitolewa 1 Januari 2024, baada ya wanajeshi kumwondoa Ali Bongo mnamo Agosti 2023. Hatusemi mapinduzi ni jambo jema. Tunasema tu kwamba mfumo uliosahihisha karatasi hiyo haukuona dosari katika zaidi ya nusu karne ya familia moja, ukaona dosari katika juma moja la wanajeshi.

Kwa kuwa nyani haoni kundule, tusijisahau. Hapa kwetu Uganda kikomo cha vipindi vya urais kiliondolewa katika Katiba mwaka 2005, na kikomo cha umri kikaondolewa Desemba 2017. Mara zote mbili tulibaki ndani ya AGOA. Lakini mwaka huo huo wa 2017 Uganda ilikuwa chini ya uchunguzi maalumu wa AGOA. Uchunguzi huo ulihusu nini? Si Katiba. Ulihusu mitumba.

Caguwa

Habari hii inajulikana, ila inafaa kurudiwa polepole. Mwaka 2016 wakuu wa nchi za Jumuiya ya Afrika Mashariki walikubaliana kupunguza na hatimaye kukomesha uingizaji wa nguo zilizovaliwa, ili viwanda vya nguo vya eneo hili vipate kuinuka. Mwaka 2017 chama cha wafanyabiashara wa nguo zilizotumika cha Marekani kikapeleka malalamiko kwa serikali yao: soko linafungwa, ajira za Wamarekani zinatishiwa. Kumbuka lile sharti la kuondoa vizuizi dhidi ya biashara ya Marekani. Uchunguzi ukaanza. Kenya ilijitoa mapema katika mpango huo, maana ilikuwa na viwanda vya nguo vilivyolitegemea sana soko la AGOA. Uganda na Tanzania zikalegeza, nazo zikaachwa. Rwanda, iliyokuwa imepandisha ushuru wa mitumba kutoka dola 0.20 hadi dola 2.50 kwa kilo, haikurudi nyuma. Mwishoni mwa Julai 2018 nguo za Rwanda zikaondolewa katika msamaha wa ushuru.

Tulipokuwa tunalijadili hilo darasani, mwanafunzi wetu mmoja kutoka Rwanda alinyoosha mkono. Alisema kwao mitumba haiitwi mitumba wala mivumba kama tunavyoiita hapa Kampala. Huitwa caguwa, neno lililotokana na Kiswahili "chagua". Muuzaji humwaga nguo chini, wanunuzi huinama, huchambua na kuchagua. Darasa likacheka. Kisha akauliza, bila kucheka: "Mwalimu, basi 'uchaguzi' na caguwa ni ndugu?"

Ni ndugu wa tumbo moja. Kitenzi -chagua kimezaa nomino ya kura na, ng'ambo ya mpaka, jina la nguo kuukuu. Hatuna haja ya kupamba zaidi. Kwa Rwanda mwaka 2018, kilichoiponza haikuwa kura ya maoni ya Desemba 2015 iliyobadilisha Katiba yake na kumruhusu rais wake kugombea tena, jambo ambalo Marekani ilisema limeisikitisha. Kilichoiponza ni caguwa. Uchaguzi wa kwanza ulileta taarifa ya masikitiko. Uchaguzi wa pili ulileta ushuru. Hapo jibu la swali letu la sahani liko wazi.

Lakini je, fimbo haikuwahi kusaidia?

Mhakiki mwadilifu hukiri yale yasiyomnufaisha. Iko mifano inayokwenda kinyume na hoja yetu. Swaziland, iitwayo leo Eswatini, ilitolewa mwanzoni mwa 2015 kwa sababu ya kubana haki za wafanyakazi kukusanyika na kujiunga na vyama vyao. Ilirekebisha sheria kadhaa, na mwaka 2018 ikarudishwa. Burundi ilitolewa kuanzia 1 Januari 2016 kufuatia mgogoro wa muhula wa tatu wa Rais Pierre Nkurunziza, na hakuna aliyesema Marekani ilikuwa na biashara kubwa ya kulinda au kuvuna huko. Sisi wenyewe Waganda tulitolewa 1 Januari 2024 kwa hoja ya kuvunja haki za binadamu, miezi kadhaa baada ya kupitishwa kwa Sheria ya Kupinga Ushoga ya 2023.

Kwa hiyo si kweli kwamba upande wa demokrasia na haki ulikuwa wino mtupu. Ulitumika. Ila tukiitazama mifano hiyo kwa pamoja, tunaona mpangilio: fimbo ilikuwa nyepesi kunyanyuka mahali ambapo mwenye fimbo hakuwa na kingi cha kupoteza. Burundi haina mafuta ya Angola. Na hata Eswatini, iliyorudishwa kwa sifa, ni nchi ambayo vyama vya siasa vilipigwa marufuku 1973 na havishindani katika uchaguzi hadi leo. Wingi wa vyama ulikuwa kwenye orodha tangu 2000. Mfalme "alikuwa anapiga hatua".

Isitoshe, fimbo hiyo ilimpiga nani? Ethiopia ilitolewa 1 Januari 2022 kwa sababu ya vita vya Tigray. Vita vile vilikuwa na maovu makubwa, na kunyamaza kusingekuwa uungwana. Lakini walioamuru vita hawakuwa wakishona mashati. Walioshona walikuwa wasichana wa viwanda vya Hawassa, wengi wao wakitoka vijijini, na kampuni moja kubwa ya Marekani ilitangaza kufunga kiwanda chake huko hata kabla adhabu haijaanza. Wapiganapo tembo nyasi huumia. Na nyasi hizo ndizo zilizokuwa zinaambiwa kwamba fursa ni yao.

Kueneza au kukuza?

Turudi kwenye lugha, maana ndiko tulikoanzia. Katika insha za wanafunzi, na katika taarifa za habari za Kiswahili, sera hii ya mataifa makubwa hupewa vitenzi viwili. Wengine husema "kueneza demokrasia", wengine "kukuza demokrasia". Tumezoea kuvitumia kana kwamba ni visawe. Si visawe. Anayeeneza amebeba kitu kutoka kwake, kama aenezaye dini au bidhaa. Anayekuza amekuta mche umeshaota; kazi yake ni kumwagilia na kupalilia. Anayeeneza hahitaji kuuliza wenyeji walikuwa na nini. Anayekuza asipouliza, atang'oa mche akidhani ni gugu.

Nasi tuna kosa letu katika jambo hili. Viongozi wetu wamelipenda sana neno "kueneza", kwa sababu likikubaliwa, demokrasia inabaki kuwa bidhaa ya kigeni, na kuikataa kunakuwa uzalendo. Kila mara balozi fulani akitoa tamko juu ya uchaguzi wetu, tunajibiwa kwamba hizo ni tamaduni za watu. Lakini mwanamke wa soko la Owino anayetaka diwani wake aeleze fedha za choo cha soko zilikwenda wapi hakufundishwa hilo na balozi yeyote. Huo ni mche wetu. Aliyeupanda ni yeye.

Kwa hiyo unafiki wa mkubwa hauwi kibali cha dhuluma ya mdogo. Kwamba Marekani iliyafumbia macho ya Angola kwa ajili ya mafuta haimaanishi kwamba Mwangola hakustahili kupiga kura baina ya 1992 na 2008. Huu ndio mtego tunaowaonya wanafunzi wetu: wakishagundua kwamba msahihishaji anapendelea, wasikimbilie kusema kwamba mtihani wenyewe haukuwa na maana.

Orodha ilipofupishwa

Sasa tumefika mahali pagumu zaidi. Katika mwaka 2025 upande mmoja wa ile "na" ulianza kufutwa waziwazi. Shirika la misaada la USAID, lililoanzishwa 1961, lilikoma kutoa misaada tarehe 1 Julai 2025. Mwezi huo huo balozi za Marekani ziliagizwa zisitoe maoni juu ya uhuru na uadilifu wa uchaguzi katika nchi nyingine, isipokuwa pale penye maslahi ya wazi ya sera ya nje ya Marekani. Ushuru mpya uliwekwa kwa nchi nyingi, pamoja na zile zilizokuwa zikinufaika na AGOA. Tarehe 30 Septemba 2025 ilifika kabla Bunge la Marekani halijauongeza muda wa sheria hiyo.

Baadhi ya wenzetu katika chumba cha walimu walifurahi. Walisema: afadhali, unafiki umekwisha, sasa wanasema wanachotaka. Tunawaelewa, lakini hatukubaliani nao. Unafiki una faida moja ambayo ukweli mkavu hauna: mnafiki anaweza kushikwa kwa maneno yake mwenyewe. Mradi "wingi wa vyama" na "haki za wafanyakazi" yalikuwa yameandikwa, mwanasheria wa Mbabane au mwanaharakati wa Bujumbura alikuwa na mstari wa kunyooshea kidole. Mstari ukifutwa, hana cha kunyooshea isipokuwa Katiba ya nchi yake mwenyewe, na watu wake.

Huenda ndiko tulikopaswa kuanzia. Fimbo ya mbali haiui nyoka. Kwa robo karne tuliizoea fimbo ya mbali, wengine wakiiomba, wengine wakiilaani, na wote tukiitegemea kwa namna fulani: wapinzani wakingoja tamko la ubalozi, watawala wakingoja kulijibu. Tukasahau kuchonga ya karibu.

Hitimisho

Tumejaribu kuonyesha kwamba mvutano baina ya kuhimiza demokrasia ng'ambo na kutafuta nguvu za kiuchumi hauko nje ya lugha ya sheria hii, bali umo ndani yake: katika "mkataba" usiokuwa mkataba, katika kustahiki kulikokuwa kukubalika, katika "na" iliyofananisha visivyofanana, na katika mwanya baina ya -ME- na -NA-. Hatudai kwamba kila aliyeitunga alikuwa na hila. Inawezekana wengi wao waliamini kwa dhati kwamba soko na kura vitakua pamoja kama pacha. Tatizo ni kwamba pacha mmoja alikuwa na wakili, na mwingine hakuwa naye.

Kwa walimu wenzetu tuna ombi moja la kikazi. Matini za aina hii ziingie darasani. Tumewafundisha wanafunzi kuchambua mbinu za waandishi wa tamthilia, nayo ni kazi njema, lakini mwanafunzi anayehitimu bila kuweza kuona -NA- iliyofichwa katika tangazo la serikali, iwe ya Washington au ya Kampala, tumempa nusu ya elimu.

Kwa wanafunzi, tunawaachia zoezi lile tulilolipa darasa letu baada ya mjadala. Someni Katiba ya nchi yenu, sura ya haki za raia. Andikeni orodha mbili: yale ambayo yanaweza kusemwa kwa -ME-, na yale yanayosemwa kwa -NA- tangu mlipozaliwa. Orodha ya pili ikizidi ya kwanza, msiulize ubalozi wowote. Ulizeni diwani wenu.